Shamba lina kesi ya mauziano: zuio la muda lizuie kuuza tu, au hadi kulima?

Wadau wa Dodoma na kanda ya kati, tujadili hili mapema maana kila mwaka watu wakianza kuandaa mashamba ndo kesi za mauziano zinafumuka. Msimamo wangu nauweka wazi. Zuio la muda kwenye shamba, yaani oda ya kuzuia mambo fulani wakati kesi inaendelea, lizuie kuuza, kujenga, kuweka bikoni na kukata miti, ila lisizuie kulima. Aliyekuwa analilima siku kesi inafunguliwa aendelee, mavuno yaandikwe, kesi ikiisha hesabu ifanyike. Najua wengi mnaamini haki ni ile oda ya "wote wawili msikanyage shamba", na ndo hiyo nabishana nayo.

Mwaka juzi shangazi yangu huko wilaya ya Chamwino, ekari sita, analima tangu aolewe, shemeji yake akaliuza shamba kwa mtu wa mjini, karatasi wameandikishana wenyewe, halmashauri ya kijiji haijakaa wala kuulizwa. Shangazi akaenda mwenyewe baraza la ardhi la wilaya kuomba zuio ili mnunuzi asiingize trekta. Akapewa. Ila oda ilivyotoka ikasema pande zote zisifanye chochote mpaka maombi yasikilizwe, na yeye alikuwa ameshaberega, yaani ameshaandaa shamba zima kusubiri mvua, na mbegu ya mtama iko ndani ya nyumba. Mvua ikapiga Desemba, majirani wanapanda, yeye anaangalia. Maombi yakaahirishwa mara mzee wa baraza anaumwa mara wakili wa upande wa pili yuko kwenye kesi nyingine, yanakuja kusikilizwa Aprili mtama wa wenzake umeshatoa masuke. Mwaka ule alinunua nafaka ya kula kuanzia debe la kwanza, mama ambaye maisha yake yote hajawahi kununua mtama. Aliomba ulinzi akapewa njaa, inaniuma mpaka leo.

Sasa sheria. Mabaraza ya ardhi na nyumba ya wilaya yana kanuni zake, zikipungua yanatumia Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, na zuio liko Amri ya 37 ya sheria hiyo. Oda haizidi miezi 6, inaweza kuongezwa lakini jumla isizidi mwaka 1, na anayeomba kuongezewa lazima aonyeshe amekuwa akihangaika kweli kumaliza shauri. Miezi 6 kwa nyumba ya kupangisha sawa, ila huku kwetu mvua ni msimu mmoja, Desemba mpaka Aprili hivi, oda ya Novemba ikiisha Mei imeshaumeza mwaka mzima wa mkulima. Na Amri hiyohiyo inataja masharti ya kutunza hesabu na kuweka dhamana, yaani mlango wa kumwacha mtu alime huku mavuno yanaandikwa upo, haupo wa kutungwa. Mbona hautumiki?

Vigezo wanavyotumia kutoa zuio ni vile vya kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe, 1969: kuwe na jambo zito la kuamuliwa na dalili kwamba mwombaji anaweza kushinda, bila zuio apate hasara isiyofidika, na ipimwe nani ataumia zaidi. Hapo kwenye hasara isiyofidika ndo wakulima wanaangushwa, maana wakili anasimama anasema mtama una bei, gunia ni hela, akishinda atalipwa. Atalipwa lini? Hela ya miaka mitatu mbele haipiki ugali wa Februari. Alafu kwenye mizabibu ndo mbaya kabisa, inataka kupogolewa, kumwagiliwa, kupigwa dawa, ukisema wote msiguse umeiua, na mpya inachukua miaka kuzaa vizuri. Zuio limewekwa kulinda mali isiharibike, sasa hapo oda yenyewe ndo inaharibu mali.

Hoja nzito ya upande wa pili niliambiwa na wakili ninayemheshimu: ukimwacha anayelikalia alime, kesi ataivuta miaka maana yeye anakula. Ni kweli anaweza. Ndo maana nasema mavuno yaandikwe na mbele ya mtu wa kijiji, na atakayeshindwa alipe. Na kanuni hii ikimkuta mnunuzi ndo alishaingia akalima msimu uliopita, basi alime yeye, hata kama roho inaniuma kusema hivyo.

Nyongeza, maana mmeuliza kwanini watu wasiwahi kufungua kesi kabla ya msimu. Tangu mabadiliko ya sheria ya 2021 baraza la kata linapatanisha tu, na baraza la wilaya halipokei shauri mpaka kata ithibitishe usuluhishi umeshindikana, au siku 30 zipite bila suluhu ndo unaendelea. Ukiishtaki na halmashauri ya kijiji humohumo, inabidi notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe na shauri liende Mahakama Kuu. Anza mwishoni mwa Oktoba, hesabu siku 90, umefika mwisho wa Januari. Katikati hapo unaweza kuomba zuio kabla ya kesi, lile la Mareva, lakini mama wa kijijini nani atamwambia lipo?

Kwahiyo anayeandaa hati ya kiapo sasa hivi, andika humo zao gani, ekari ngapi, mvua zinaanza lini na nani alilima msimu uliopita, alafu omba kwa maneno yaleyale kwamba mnunuzi azuiwe na wewe uruhusiwe kulima kwa sharti la kuandika mavuno. Usiache wazi. Na waliowahi kupewa oda ya namna hiyo mtuambie, kule shambani daftari alishika nani?