Naomba ushauri: nimetunga mungu wa nyota kwa ajili ya igizo, mama anataka daftari lichomwe

Binti wa Mawe
Wakuu, habari za jioni. Nipo Mwanza, Kirumba. Naombeni ushauri, wenye matusi wapite kushoto.

Kikundi chetu cha sanaa kinaandaa igizo na kuandika nimepewa mimi. Usiku mmoja nilipanda juu ya mawe nyuma ya nyumba, nikawa natazama taa za wavuvi wa dagaa. Aliyewahi kuziona anajua, ziwa linageuka mji. Juu nyota, chini taa, hujui maji yanaanzia wapi. Ndipo nikampata Mlinganya. Ana zeze lenye nyuzi nyingi, kila uzi umefungwa kwenye nyota yake. Akipiga, nyota zote zinatembea kwa mwendo wake, hakuna inayomkanyaga mwenzake. Uzi ukilegea, samaki wanapotea na watu wanagombana. Usiku anawarudisha wavuvi nyumbani kwa Nyota ya Kaskazini. Nimemtunga mwenyewe, hayupo kwenye mila ya mtu yeyote.

Sasa shida. Wenzangu wanasema anachosha: kurasa 30 mungu anapiga zeze na kila kitu kiko sawa. Na mama, ambaye ameimba kwaya tangu sijazaliwa, kaliokota daftari na kukutana na ukurasa wa maombi ya Mlinganya. Akaniuliza, "Umeanza lini?" Basi. Tangu Jumapili ananijibu kwa mkato, na dada kaniambia anataka daftari lichomwe.

Nifanyeje?

Kiti cha Mbele
Nimewahi siti. Leteni kahawa.

Mlinzi wa Lango
Mheshimu mama yako. Kumbukumbu la Torati 4:19 inakataza waziwazi kusujudia jua, mwezi na nyota. Choma.

Karabai
Dada, mimi ni mvuvi wa dagaa, mwalo siutaji. Wenzako wana haki, huyo mungu wako hajawahi kulala njaa.

Ngoja nikueleze. Sisi tunavua giza. Taa inavuta dagaa kwa sababu kote ni giza, wanaikimbilia, tunazungusha nyavu. Zamani karabai, siku hizi wengi taa za sola. Mwezi ukianza kukomaa, taa inakosa nguvu. Dagaa wanatawanyika, mwanga uko kila mahali, waifuate taa yako kwa lipi? Siku za mbalamwezi tunapandisha mitumbwi mchangani. Ndiyo siku za kushona nyavu, kukopa unga dukani na kumkwepa mama ntilie. Kina mama wanaoanika dagaa nao wanakaa bure, na tajiri mwenye chombo anakasirikia kila mtu.

Lakini siku hizohizo watoto wanacheza nje mpaka saa nne usiku, na anayetembea kwa miguu kutoka mnadani anaiona njia. Mwezi haujakosea kitu. Unazunguka kwa siku zake 29 na nusu kama ulivyopangiwa.

Sasa muulize Mlinganya wako: zeze likiwa sawa kabisa, mimi nakula nini? Akitaka kunisaidia lazima aulegeze uzi wa mwezi. Akiulegeza, nani ataumia? Hapo utaona watu hawasinzii.

Binti wa Mawe
Kaka Karabai, nimesoma mara tatu. Nilidhani uzi ukiwa sawa kila mtu anafurahi.

Mpima Anga
Karabai kamaliza, mimi naongeza la kitaalamu. Ifute Nyota ya Kaskazini. Mwanza ipo kama nyuzi 2.5 kusini mwa ikweta (nyuzi hizi si za zeze), kwa hiyo nyota ile inabaki chini ya upeo wa macho mwaka mzima. Mvuvi wako atapotea. Tumia Msalaba wa Kusini, lile kundi la nyota lenye umbo la msalaba, jioni za Mei na Juni unaonekana vizuri ukitazama kusini.

Halafu usidhani wazo lako ni la ajabu. Johannes Kepler, mtaalamu wa nyota wa Ujerumani, alitoa kitabu mwaka 1619 akizipa sayari noti za muziki kufuata mwendo wake. Na Zuhura, ile nyota kali ya jioni au alfajiri, kila baada ya miaka 8 inarudi karibu palepale ulipoiona. Nasema karibu. Inatofautiana kama siku mbili hivi. Yaani uzi wa Zuhura umelegea kidogo tangu zamani na mbingu hazijaanguka. Mimi ningeandikia hapo.

Bibi Mwenye Kanga
Mjukuu wangu, hao wamekusaidia igizo, mimi nakusaidia nyumbani.

Mama yako amekuta maombi yamefungiwa kwenye daftari. Angefikiri nini? Huko mbinguni hana ugomvi nako, anaogopa majirani na mganga. Usimpe hotuba ya sanaa. Kaa naye jikoni, umsomee kwa sauti, uanze na "hadithi, hadithi". Ukurasa wa maombi utoe, wala igizo haliuhitaji, na kafara usiiweke jukwaani. Jihadhari pia usimfanye bwana wa mawimbi na samaki: Wahaya wana Mugasha, Waganda wana Mukasa. Hao wana wenyewe.

Na yule Mlinzi aliyeleta andiko, mwambie mama afungue Ayubu 38:31. Kilimia kimo, kwa jina. Ni nyota tulizofundishwa kuhesabia msimu wa kulima.

Mlinzi wa Lango
Nimefungua. Kimo kweli. Lakini hapo anayeuliza ni Mungu, bibi, tusichanganye.

Bibi Mwenye Kanga
Ndiyo maana nimesema asome mama yake, si wewe.

Binti wa Mawe
Mrejesho. Nimemsomea jana usiku, tunachambua dagaa. Maombi nimetoa, kaskazini nimefuta. Sasa mvuvi anapanda mwenyewe kwa Mlinganya kumwomba alegeze uzi wa mwezi, na Mlinganya anaanza kuulegeza kwa mkono unaotetemeka.

Mama alinyamaza muda mrefu, nikajua limeisha. Kisha akauliza, "Na wale watoto waliokuwa wanacheza nje, nani kawaita ndani?"

Sikuwa nimewaandika. Daftari bado lipo, kaliweka kwenye kabati lake. Kaka Karabai, watoto waingie ndani au?

Karabai
Nitakujibu nikirudi. Giza limeanza leo, tunaingia ziwani.