Kipimajoto cha kupikia steki: cha sindano, cha bluetooth au cha mionzi?

Mla_Salala: Wadau, habari za jioni. Nataka kununua kipimajoto cha nyama ili steki isinikaukie tena. Nimeona cha sindano cha kidijitali, cha bluetooth kinachobaki ndani ya nyama, na cha mionzi kama bastola. Jumamosi naagiza. Nichukue kipi?

Fundi Jiko: Mkuu, maelezo hayatoshi. Unatumia mkaa, gesi au oveni? Nyama ina unene gani? Na steki unayosema ni ile ya buchani isiyo na mfupa ya kukatakata, au kipande kizima cha kuchoma? Bajeti je?

Mama Nuru: Akiwa anajipanga kujibu, cha mionzi kiondoeni kwenye orodha. Kinasoma joto la juu tu. Nje nyama inaunguza vidole na katikati bado mbichi, chenyewe hakijui. Kazi yake ni kupima kikaango kabla hujaweka nyama. Na kama ni kile cha kupimia homa kwenye paji la uso wakati wa korona, hata kikaango hakiwezi, vingi vinaishia nyuzi 43 hivi.

Kijana wa Sakina: Mnajisumbua bure. Huku Arusha nyama inachomwa miaka yote bila hayo madude. Bonyeza kwa kidole: ikibonyea sana bado, ikikaza imeiva.

Fundi Jiko: @Kijana wa Sakina kidole kinamfaa anayechoma nyama ya aina moja kila siku. Fileti inabonyea hata ikiwa imeiva. Ng'ombe mzee wa malisho anakaza akiwa bado mbichi. Hapo kidole kitakwambia nini?

Mla_Salala: Natumia jiko la mkaa. Vipande vya salala, unene kama inchi moja. Bajeti elfu 80. Mke wangu anataka iive kabisa, mimi napenda katikati ibaki nyekundu kidogo.

Dada wa Mwanza: Kaka, umetaja aina tatu, ila dukani watakuonyesha na ya nne, ile ya mshale yenye uso kama saa. Usiiguse. Mimi niliuziwa na muuzaji mmoja aliyeniapia kwamba ndiyo wanayotumia hotelini. Shemeji zangu walikuwa wamekuja kutoka Bukoba, nikanunua fileti nzima, nikaikata vipande vinene vizuri. Nachoma, nachomeka, mshale unasema 45. Nasubiri, 48. Nageuza tena, 50. Mafuta yanadondokea mkaa, moshi umejaa uani, mshale umeganda palepale. Kukata, ndani kijivu tupu, hakuna tone la maji. Shemeji mkubwa akatafuna kimya kimya, na fileti mnajua bei yake. Baadaye ndipo nikaelewa: ile ya mshale inasoma sehemu ndefu ya sindano, kama sentimita 5 kutoka nchani. Ukiichomeka kutoka juu kwenye nyama ya inchi moja, nusu ya inachosoma ni hewa. Inafaa mguu mzima wa mbuzi. Steki hapana.

Mama Nuru: Pole dada. Ndiyo maana nasema cha sindano cha kidijitali, sindano nyembamba, kinasoma nchani ndani ya sekunde chache. Chomeka kutokea ubavuni, ncha ifike katikati, isiguse mfupa wala mafuta.

Fundi Jiko: Naunga mkono. Cha bluetooth kwenye mkaa ulio wazi moto unaunguza kile kichwa kinachobaki nje ya nyama. Hicho ni cha oveni na mapande makubwa. Mkuu, chako epua kwenye 52 hadi 54, cha mkeo acha kifike 70. Ukiipumzisha dakika 5, joto linapanda lenyewe nyuzi 2 au 3. Ila mjue Idara ya Kilimo ya Marekani inashauri 63 kwa kipande kizima na kukipumzisha dakika 3, 71 kwa nyama ya kusaga, 74 kwa kuku.

Abu Salim: Samahani ndugu zangu, hiyo ya katikati nyekundu si damu hiyo?

Mama Nuru: Hapana Abu Salim. Damu karibu yote ilishatoka wakati wa kuchinja. Ule wekundu ni mayoglobini, protini ya kwenye misuli, imechanganyika na maji ya nyama.

Kijana wa Sakina: Na minyoo? Tegu ya ng'ombe ipo huku kwetu. Mimi kwa 54 sili.

Dada wa Mwanza: Hapo una hoja. Nunua yenye mhuri wa mkaguzi, au igandishe kwanza. Nyuzi 10 chini ya sifuri kwa siku 10 vifuko vya tegu vinakufa. Ukiwa na shaka, pika ivuke 63.

Fundi Jiko: Kikifika, kijaribu kwenye glasi ya barafu iliyopondwa na maji kidogo, kisome 0. Dar maji yakichemka ni 100, lakini Arusha ni kama 95 kwa sababu ya mwinuko, mtu asije akakirudisha dukani.

Kijana wa Sakina: Hilo la 95 sikulijua. Ndiyo maana maharage huku hayaivi?

Mama Nuru: Ndiyo, tumia presha kuka.

Abu Salim: Na chumvi mnatia kabla au baada? Nyumbani tunabishana kila wiki.

Dada wa Mwanza: Kabla, usiku wa jana yake.

Fundi Jiko: Au dakika ileile inapoingia motoni. Ukitia robo saa kabla, inatoa maji juu na haishiki rangi.

Mla_Salala: Nawasoma wakuu. Hivi cha sindano kinaweza kutumika na kwa samaki?