Carina kutoka Kibosho: nyota zimegeuka waridi baada ya kusawazisha rangi

Kibosho_Juu: Ndugu zangu, mapema Machi, kabla masika hayajafunga anga, nilipiga picha Nebula ya Carina (wingu la gesi linalong'aa katika anga ya kusini) nikiwa nyumbani: picha 60 za sekunde 60 kila moja, kwa kamera ya kawaida ambayo haijabadilishwa chujio. Nilipoziunganisha, picha ilitoka ya kijani. Nikatanua histogramu (yaani kung'arisha sehemu hafifu za picha) hadi nebula ikaonekana, kisha nikazidisha chaneli (tabaka za rangi) nyekundu na ya bluu mpaka anga ikawa ya kijivu, lakini nyota zote zikageuka waridi. Nimekosea wapi?

Tengeru_Usiku: Mkuu, umekosea mpangilio. Ukijani si kasoro, kwani kihisio cha kamera hupokea kijani kwa wepesi kuliko rangi nyingine. Tatizo ni kwamba mwanga wa anga hujumlishwa juu ya mwanga wa nyota, kwa hiyo huondolewa kwa kutoa, si kwa kuzidisha. Tuseme anga yako ina nyekundu 900, kijani 1,500 na bluu 1,100. Ukizidisha ili zote zifike 1,500, nyota nyeupe yenye 5,000 katika kila chaneli itapata nyekundu zaidi ya 8,300 na bluu 6,800, huku kijani kikibaki 5,000. Waridi yako ndiyo hiyo. Toa anga kwanza, kisha zidisha kwa kipimo cha nyota zenyewe (Siril, programu ya kuchakata picha za anga, hulinganisha na orodha ya nyota ya chombo cha angani Gaia), na kutanua kuje mwisho, kwa sababu mkunjo wa kutanua huvuruga uwiano wa chaneli.

Fundi_wa_Himo: Naafiki, ila kutoa namba moja hakutamtosha. Kibosho iko kaskazini mwa mji wa Moshi, na Carina hupita kusini, kwa hiyo anapiga juu ya taa za mji huo. Mwanga huo ni mzito chini ya picha na mwepesi juu, nao huondolewa kama mteremko, yaani kiasi kinachopungua kutoka chini kwenda juu. Tena Carina kwetu haipandi zaidi ya nyuzi 34 hivi, na hewa ya chini hula bluu kuliko nyekundu, kama jua linapotua, kwa hiyo usiogope bluu ikihitaji kuzidishwa sana. Kwa kutanua, jaribu asinh, aina ya mkunjo wa kutanua ambayo hulinda uwiano wa rangi.

Kibosho_Juu: Nashukuru sana. Nimeanza upya na nyota zimerudi, nyingine za bluu kabisa. Kona ya chini bado ina rangi ya chungwa. Nitaongeza sampuli za anga (alama ambapo programu hupima mwanga wa anga) upande huo.