Naomba ushauri: Isaya 7:14 ni bikira au mwanamwali?

Wapendwa, ninaandaa somo la Isaya 7:14, andiko nilipendalo sana, linalotoa ishara kwamba bikira (au mwanamwali) atachukua mimba na kumzaa mtoto aitwaye Imanueli, na nimekwama kwenye neno hilo moja. Kiebrania kinasema "alma", yaani mwanamke kijana aliyefikia umri wa kuolewa, ilhali neno la kawaida la bikira ni "betula". Septuaginta, tafsiri ya kale ya Agano la Kale kwa Kigiriki, ndiyo iliyoweka "parthenos", yaani bikira, na Mathayo akaifuata alipoandika kuhusu kuzaliwa kwa Yesu. Lakini ishara hiyo alipewa Ahazi, mfalme wa Yuda, aliyetetemeka mbele ya wafalme Resini wa Shamu na Peka wa Israeli, na mstari wa 16 unasema nchi yao itaachwa kabla mtoto hajajua kukataa mabaya. Dameski, mji mkuu wa Shamu, ilianguka mwaka 732 K.K. Je, nifundishe utimizo mmoja tu, au miwili: wa siku za Ahazi na wa Yesu?