Mama amejiona kwenye tamthilia ninayoiandika, na mwandishi mkuu anataka zaidi. Nifanyeje?

Wakuu, habari zenu. Naombeni ushauri, wiki ya pili hii silali vizuri.

Mimi ni mmoja wa waandishi sita wa tamthilia ya familia ya nusu saa. Huu ni msimu wangu wa pili. Tunakaa mezani, kila mtu anatoa visa, tunapanga matukio kwa kadi ukutani, kisha mmoja anapewa sehemu akaiandike. Siku moja tulikwama. Nikasimulia jinsi baba alipokuwa mbali mama alivyotusomea barua zake, akiyaruka yale mabaya, kisha kuzificha chini ya godoro. Chumba kizima kilinyamaza. Nikapewa niandike, na hakuna sehemu yetu iliyosifiwa kama ile.

Mama aliitazama. Tangu hapo nikipiga simu anapokea, anasema "sawa mwanangu", anakata. Afadhali angenifokea.

Sasa mwandishi mkuu anataka barua zile ziendeshe msimu mzima ujao. Mkataba wangu unakaribia kuisha, na yeye ndiye anayependekeza nani abaki.

Kalamu Kongwe:
Pole mdogo wangu. Kuchota nyumbani si dhambi, sote tunachota huko. Earl Hamner wa Marekani aliandika utoto wake wa Virginia kwenye riwaya ya 1961, na kutoka humo ikazaliwa tamthilia ya The Waltons, iliyoanza 1972 ikaenda misimu tisa. Norman Lear naye aliweka maneno ya baba yake mzazi kinywani mwa Archie Bunker, mhusika wa tamthilia yake ya vichekesho All in the Family.

Ila wewe ulichukua kisa pamoja na nguo zake: barua, godoro, vyote. Kilichonyamazisha chumba si godoro. Ni mtu mzima anayejua habari nzima na kuwapa watoto nusu. Hali hiyo mpe babu mwenye majibu ya daktari, au kaka mkubwa anayejua kazi ya baba imekwisha. Utalazimika kubuni badala ya kukumbuka, na hapo ndipo uandishi unapoanza. Nimeifanya kazi hii miaka kumi na minane, na sehemu zangu dhaifu ni zile nilizonakili maisha yangu kama yalivyo.

Mama Wawili:
Mbona sioni mahali ulipomwomba radhi? Mambo ya mkataba baadaye. Nenda kwake, simu haitoshi.

Mhariri wa Usiku:
Naungana na Mama Wawili. Kalamu Kongwe, kwa heshima, hata akibadilisha, mama atajitambua tu.

Kuhusu kazi: usiende kwa mwandishi mkuu na "hapana" tupu. Anachohitaji ni kitu cha kuvuta msimu, si mama yako. Mpelekee mikondo miwili mingine ya hadithi, ukurasa mmoja kila mmoja. Pia soma mkataba wako, kifungu cha haki. Mara nyingi anachoandika mwandishi wa kuajiriwa ni mali ya kampuni, kwa hiyo ile sehemu huwezi kuirudisha. Ambacho hujakisimulia mezani bado ni chako. Funga mdomo hapo.

Na usikae ukingoja kupendekezwa. Andika sehemu ya kwanza ya tamthilia yako mwenyewe. Ukienda kuomba kazi kwingine, wataomba kusoma kitu ulichokibuni peke yako, maana kwenye kazi ya chumba hawajui mstari upi ni wako.

Mleta mada:
Asanteni sana. Jumamosi nilikwenda. Nilimwomba mama radhi kabla sijakaa. Kumbe barua hazikumuuma sana. Kilichomuuma ni pale yule mama wa tamthilia anapobaki peke yake jikoni akalia. "Mimi sikulia," akaniambia. "Ningelia, mngejua, na nyinyi mlikuwa wadogo." Lile la kulia nililiongeza mimi, nikidhani namtendea haki.

Amenisamehe, ila ameomba niishie pale. Nimemwahidi.

Nachukua wazo la kaka mkubwa. Nakutana na mwandishi mkuu kesho asubuhi. Mhariri, zile kurasa niweke mazungumzo au muhtasari tu?

Mhariri wa Usiku:
Muhtasari. Sema kaka anajua nini, nani hapaswi kujua, na siri inatoka sehemu ya ngapi. Kama una mistari miwili mizuri ya mazungumzo, iweke mwishoni.

Kalamu Kongwe:
Na huyo kaka asilie.