Viwavi wanaojigeuza nyoka: tupeane uzoefu, wewe ulikutana naye wapi?

Mdau wa Shamba
Wakuu habari za saa hizi. Nimefungua uzi huu maana kila mvua zikishakolea watu wananitumia picha, "kaka huyu nyoka gani wa kijani kwenye matembele", nikiikuza picha nakuta ni kiwavi, kiwavi kabisa wa nondo, na mara nyingi picha ya pili tayari ameshapondwa na jembe. Inaniuma kwakweli.

Wanaopatikana sana kwenye viazi vitamu na magimbi kitaalamu ni Hippotion celerio na ndugu yake Hippotion eson, wako sehemu kubwa ya Afrika. Ni mnene, akikomaa anafika urefu wa kidole cha kati, wengine kijani wengine kahawia, na ana kipembe mkiani. Akiwa anakula zake hana cha kutisha, ila litikise jani uone. Kichwa na kifua anavivuta ndani, pingili za mbele zinatuna mpaka unaona kabisa kichwa cha nyoka, halafu yale madoa mawili ya ubavuni yanakaa pale pale ambapo nyoka angekuwa na macho. Kichwa chenyewe ni kidogo na kimeinama chini, hayo "macho" yako kwenye pingili ya kwanza ya tumbo, hayaoni chochote, ni rangi tu.

Sasa wewe ulimkuta kwenye mmea gani, akafanya nini, na ndege au kuku walimfanyaje? Hilo la mwisho ndo nalitaka zaidi.

Mama Matembele
Kaka umenigusa, mimi nachuma matembele kuuza sokoni huku Sengerema, hao nakutana nao sana hasa asubuhi kukiwa na umande. Mama mkwe wangu anawaogopa vibaya, anasema kile kipembe cha nyuma kina sumu ukichomwa unavimba, akimuona tu anaita watu.

La kuku ninalo. Nilimkuta mmoja wa kahawia nikamtoa na jani lake nikamweka pale uani, kuna tetea mwenye vifaranga akaja mbio maana anajua nikiweka kitu chini ni chakula. Akafika akanyoosha shingo amdonoe, yule kiwavi akavimba na kujitikisa ubavu kwa ubavu, tetea akaruka nyuma akatoa ile sauti yake ya mwewe akipita, vifaranga wote chini ya banda! Akakaa anamzunguka kwa mbali na wala hakumgusa tena, mwishowe nikamchukua kiwavi nikamrudisha kwenye magugu. Na huyo kuku ni mkali jamani, panya anamkimbiza.

Kitalu Muheza
Habari wadau. Sisi wa machungwa tuna wa kwetu tofauti kidogo, huyu ni mtoto wa kipepeo siyo wa nondo, yule kipepeo mkubwa mweusi mwenye mabaka ya njano, Papilio demodocus. Akiwa mdogo ni kama kinyesi cha ndege kabisa, kahawia na cheupe, yuko katikati ya jani na humtambui. Akikua anabadilika anakuwa kijani ana mabaka na vidoa vya macho huku mbele, na ukimgusa ndo balaa, nyuma ya kichwa zinachomoka pembe mbili laini za rangi ya chungwa zimeungana chini, ukiona kwa haraka unasema ulimi wa nyoka ule, na zinatoa harufu kali inabaki vidoleni.

Vijana wanaokuja kumwagilia huwa wanatupa kopo wanakimbia. Nawaonyesha polepole, namgusa na kijiti, pembe zinatoka, tunasubiri zinarudi ndani, baada ya hapo hawaogopi tena.

Ila niseme ukweli wa kitalu, kwenye miche hawa lazima uwatoe, mche mdogo wakikaa wawili watatu unabaki kijiti mtupu. Mimi nawatoa kwa mkono nawapeleka kwenye mlimau mzee ulioko nyuma, mti mkubwa hauhisi chochote. Sipigi dawa kwa ajili yao, sioni sababu ya kupiga sumu kitu ambacho mkono unakimaliza.

Bustani za Nyali
Mimi niko Mombasa nafanya kazi ya bustani. Kuna ua hili la oleanda watu hupanda kando ya ukuta, lina maua ya pinki na maziwa yake ni sumu, mbuzi hata halisogelei. Sasa kuna kiwavi hula hilo hilo na hafi. Ni kijani mkubwa, ana laini nyeupe ubavuni, na huku mbele ana macho mawili ya samawati yenye weupe katikati, yaani yanang'aa. Ukimsumbua anainamisha kichwa chini na yale macho yanatokeza juu, unaona anakuangalia.

Siku moja soja wa geti akaniita mbio na rungu mkononi, ati kuna nyoka kwenye maua na watoto wanacheza hapo. Nikamwambia ngoja kwanza nione. Nikamwonyesha miguu, ile mifupi ya nyuma imeshika tawi, nikamwambia nyoka gani huyu ana miguu? Akashusha rungu. Sasa yeye ndiye huwaonyesha wale watoto, na wakimpata mwingine humwita yeye kwanza kabla yangu.

Nondo wake ukimuona utapenda, ana kijani na pinki zimechanganyika kama nguo ya jeshi. Jina lake Daphnis nerii.

Mwalimu wa Baiolojia
Nimefurahi sana kusoma hapa, hasa ya tetea wa Mama Matembele maana ndo jambo lenyewe watafiti wamehangaika nalo.

Mwingereza Henry Walter Bates aliishi Amazon kuanzia 1848 miaka 11, na kwenye andiko lake la 1862 anamweleza kiwavi mkubwa sana aliyejinyoosha kutoka kwenye majani akamshtua kwa kufanana na nyoka mdogo. Alimbeba akaenda naye kijijini alikokuwa anaishi na kila aliyemwonyesha akaogopa. Bates aliangalia kwa makini akasema kiwavi yule ameiga nyoka wa sumu, siyo nyoka yeyote tu, maana alipojipindua kinyumenyume miguu yake iliyolala ilionekana kama magamba juu ya kichwa cha nyoka mwenye sumu. Wanaotaka kumwona wa aina hiyo watafute Hemeroplanes triptolemus wa Amerika ya Kati na Kusini, anashika tawi kwa miguu ya nyuma, anajipindua tumbo linakuwa juu, anatuna, halafu anajirusha mbele kama anataka kugonga. Hang'ati, anatishia tu.

Watu wa Chuo Kikuu cha Carleton, Kanada, walitengeneza viwavi wa unga uliokandwa wakawaweka nje kwenye miti, wengine wana macho ya kuchora, wengine wametunishwa mbele, wengine hawana kitu. Majibu yalitoka 2013, macho yanasaidia na kutuna kunasaidia, ila vikikaa pamoja ndo ulinzi unakuwa mkubwa. Kwahiyo kaka hapo juu alivyosema anavuta kichwa anatuna ndo macho yanakaa mahali pake, ni sahihi kabisa.

Na swali ambalo wanafunzi wangu huuliza kila mara, mbona huyu wa matembele hafanani na nyoka yeyote tunayemjua? Daniel Janzen na wenzake waliofanya kazi Guanacaste, Costa Rica, waliliandikia hilo 2010. Hoja yao ni kwamba si lazima afanane na nyoka fulani. Ndege mdogo anachokora kwenye majani akakutana ghafla na macho mawili hana muda wa kuchunguza, akikosea upande mmoja amekosa mdudu mmoja tu, akikosea upande wa pili ameliwa yeye, basi aliyezaliwa na woga wa macho ndo anayebaki na kuzaa. Mimi hoja hii naiamini, na tetea wa Sengerema ameifanya mbele ya macho yetu.

Mtanzania Leicester
Huku Uingereza yupo pia, Deilephila elpenor, wa kahawia kama mkonga wa tembo, anapenda sana maua ya fuksia. Mwezi wa nane na wa tisa anashuka chini kutafuta pa kujichimbia, ndo hapo watu wanamkuta anatembea kwenye njia ya bustani. Jirani yangu mama mtu mzima alikuja kugonga mlango na picha kwenye simu, nikamwambia bibi usihofu, kwetu tunao wa namna hii kwenye viazi. Tukamsindikiza yule kiwavi mpaka kwenye udongo laini.

Mama wa Wawili
Samahanini naomba kuuliza, mwanangu ana miaka minne anashika kila kitu, hawa kweli hawawashi? Na nikikuta kitu kwenye majani mazito sioni miguu nitajuaje?

Mdau wa Shamba
Dada, hawa wenye ngozi laini na kipembe mkiani hawawashi wala hawachomi, kipembe kile hakina sumu, mwambie na mama mkwe wa Mama Matembele. Wanaowasha ni wale wenye manyoya au miiba, hao mkataze mtoto kabisa.

Kuhusu majani mazito, kama huoni miguu wala kipembe usiingize mkono, rudi nyuma, maana kifutu naye anajilaza humo humo kwenye matembele. Chukua kijiti kirefu ufunue majani ukiwa mbali. Ukiona miguu piga picha utuwekee hapa, utaje na mmea na wilaya. Wa Kagera na Kigoma bado sijawasikia, magimbi mnayo mengi huko.