Jina la tatu la mtoto: la babu au la ukoo?

Baba Mchanga
Wakuu, habari za humu. Nimepata mtoto wa kiume, ana wiki tatu, mama mzima, tunamshukuru Mungu. Cheti bado, kilichonikwamisha ni jina la tatu. Mimi ni Hamisi Juma Saidi: Juma baba, Saidi babu. Kwa desturi yetu dogo atakuwa Fulani Hamisi Juma. Sasa mdogo wangu aliyeko nje ananiambia nisithubutu, nitafute jina la ukoo nimbandike. Yeye alisafiri na familia, wakamsimamisha uwanja wa ndege: baba anaishia na Saidi, mtoto anaishia na Juma, mama ana la kwao. "Huyu mtoto ni wa nani?" Ilibidi afungue simu aonyeshe picha za harusi. Ninyi mlifanyaje?

Kalamu Nyekundu
Ukoo, halina mjadala. Dunia nzima ina majina ya ukoo, sisi tu ndio kila kizazi kinaanza upya kama anayerudia darasa. Ila kubwa kuliko hilo, usimpe mtoto haya majina ya uswahilini: Shida, Tabu, Sikujua. Mtu unaitwa Mashaka halafu unashangaa kwa nini usaili unakutema.

Mashaka wa Tandale
Naona nimetajwa.

Wakili Bila Joho
Dunia nzima ipi, mkuu? Iceland mpaka leo wengi wao wanatumia la baba. Vigdís Finnbogadóttir, rais wao kuanzia 1980 hadi 1996, ni Vigdís binti Finnbogi, basi. Ethiopia vilevile, Haile Gebrselassie hilo la pili ni jina la baba yake mzazi. Waturuki ndio walitungiwa sheria ya majina ya ukoo 1934, na Mustafa Kemal akapewa Atatürk na bunge.
Hamisi, chagua lolote, lakini herufi ziwe zilezile kwenye kila karatasi, kuanzia kadi ya kliniki. Nimeona mtu kaandikwa Athumani kwenye cheti cha kuzaliwa, Othman kwenye cha shule, Athman kwenye kitambulisho. Watu watatu, mwili mmoja, na pensheni haitoki.

Mashaka wa Tandale
Wakili, subiri, sijamalizana na huyu. Mama yangu alizika wawili kabla yangu. Mmoja hakufika arobaini, wa pili alishaanza kusimama kwa kushika kigoda. Nilipozaliwa mimi bibi akasema huyu tusimpambe, tusimwite jina la kumtangaza. Nikaitwa Mashaka, nikafungwa kipande cha kanga kuukuu kilichokuwa kinadekia, ili kinachowachukua watoto kione hapa hakuna cha kuchukua. Leo nina miaka 46. Wewe jina lako zuri limemzuia nani?

Kalamu Nyekundu
Ndugu usipaniki, nimesema kwa ujumla. Lakini ushirikina ni ushirikina hata ukiusimulia kwa huzuni. Jina linaumba. Mataifa yanayojiheshimu hayawaiti watoto wao maafa.

Kulwa wa Misungwi
"Jina linaumba" umelitoa kwenye mahubiri ya Jumapili iliyopita. Kwetu Usukumani mwaka wa njaa wanazaliwa kina Nyanzala, mvua ikirudi wanakuja kina Mabula na Kabula. Ile ni kalenda, kaka. Bibi yangu hajui kusoma, lakini mtajie majina ya watoto wa mji atakuambia nani alitangulia kuzaliwa na mtama ulikuwaje.

Nekesa wa Bungoma
Kulwa, kumbe tuko pamoja! Kwetu ni Wanjala na Nanjala, njaa ileile. Mimi Nekesa nilizaliwa wakati wa mavuno, kwa hivyo hapa mwenye ameshiba ni mimi peke yangu.

Mtoto wa Bahari
Kalamu, hebu tusaidie: Nyerere kwa Kizanaki ni nini? Ni viwavi. Baba yake alizaliwa mwaka viwavijeshi walipovamia, akaitwa hivyo hivyo. Kambarage, la Mwalimu mwenyewe, nalo ni mzimu wa mvua, kwa kuwa siku aliyozaliwa ilinyesha. Hilo la Julius amebatizwa nalo mtu mzima, 1943. Sasa kamwambie Mwalimu usaili ulimtema.

Kalamu Nyekundu
Haya, si umeona? Nyerere ni ukoo. Umenisaidia hoja.

Mtoto wa Bahari
Ukoo wapi! Nyerere ni baba yake, Nyerere Burito, chifu wa Wazanaki. Burito ndiye babu. Limegeuka ukoo baada ya yeye kujulikana. Njoo huku kwetu: Abeid Amani Karume, mwanawe ni Amani Abeid Karume. Ali Hassan Mwinyi, mwanawe Hussein kwa desturi angeishia Hassan, lakini nani anamwita hivyo? Kwa hiyo Hamisi, ukoo hauendi kuutafuta. Kuwa mkubwa kwanza, wajukuu watakuandika wenyewe.

Mama Wawili
Na Rais Samia je? Suluhu baba, Hassan babu, mume ni Hafidh Ameir na jina lake halimo. Nawaachia hapo wale wa "mke lazima abebe la mume". Mume wangu anasoma humu.

Kalamu Nyekundu
Mnarembesha tu ya kale. Mobutu wa Zaire naye alikuja na majina ya asili miaka ya sabini, aliishia wapi?

Wakili Bila Joho
1972. Na yeye alilazimisha, alipiga marufuku majina ya ubatizo. Hapa nani kalazimishwa?

Kulwa wa Misungwi
Tena mnamwandama Mashaka bure wakati mwenye mada mwenyewe ni Alhamisi mtoto wa Ijumaa. Tafsiri Kiarabu chake uone. Huyo dogo akifuata desturi ukoo mzima ni ratiba ya wiki.

Baba Mchanga
Kulwa umevuka mpaka. Juma ni marehemu baba yangu na hilo ni jina la dini.

Mtoto wa Bahari
Si la dini, shehe wangu, ni la siku. Ijumaa ni siku tukufu, lakini jina ni la siku. Hata Mosi na Pili wamo humo humo.

Baba Mchanga
Pili ni shangazi yangu, na aliitwa hivyo kwa kuwa ni wa pili kuzaliwa. Usinifundishe ukoo wangu.

Wakili Bila Joho
Sasa anao ukoo.

Mashaka wa Tandale
Hamisi, achana nao. Hilo la kwanza mmempa nani?

Baba Mchanga
Shaabani. Na Kulwa usiseme neno.

Kulwa wa Misungwi
Sijasema. Nafunua kalenda tu.